SOMO LA MWEZI: ASKARI ARUDIPO NYUMBANI

Masomo ya kusoma nyumbani kabla ya kuendelea: Kumbukumbu la Torati 24:5, Hesabu 31:19-24, 1 Samweli 30:1-25, 2 Samweli 11:6-13, Marko 5:1-20.



Tarehe 25 Julai kila mwaka taifa letu huadhimisha Siku ya Mashujaa. Siku hiyo twawakumbuka waliokufa vitani, nasi kanisani twawaombea. Ni jambo jema na la haki. Lakini mwezi huu tumeona vema tujifunze habari za wale ambao hawakufa. Tunamsema askari aliyerudi, akatua mzigo wake mlangoni, akapokewa kwa vigelegele, na baada ya siku chache yeye na mkewe wakaona kwamba hawajuani tena.

Labda mtu atasema, "Vita vya Kagera vilikwisha zamani, mbona mnafukua?" Tuna majibu mawili. Kwanza, wengi waliopigana vita vile bado wako kati yetu. Sasa ni wazee, na ziko nyumba ambazo mpaka leo hazijapata usingizi mzuri. Pili, vijana wetu wanaendelea kutumwa kulinda amani katika nchi za wenzetu. Tarehe 13 Julai 2013 askari wetu saba waliuawa Darfur, na tarehe 7 Desemba 2017 wengine zaidi ya kumi waliuawa Congo, upande wa Kivu ya Kaskazini. Wenzao waliokuwa pamoja nao walirudi, na wana wake na watoto. Wengine husali nasi kila Jumapili.

I. VITA VYENYEWE

Kwa ajili ya vijana ambao hawakuwapo, tukumbushe kwa kifupi. Mwishoni mwa Oktoba 1978 majeshi ya Idi Amin yaliingia katika mkoa uliokuwa ukiitwa Ziwa Magharibi, ambao sasa ni Kagera. Yaliteka nchi iliyo kaskazini ya mto Kagera, na daraja la Kyaka likavunjwa. Wanavijiji wengi waliuawa, mifugo na mali zikachukuliwa. Tarehe 2 Novemba Mwalimu Nyerere alilitangazia taifa kwamba tutapigana. Kanisa la Anglikana lilikuwa limekwisha kuuonja ukatili ule, maana mwezi wa Februari 1977 Askofu Mkuu Janani Luwum wa Uganda aliuawa kwa sababu ya kusimama upande wa haki.

Walikwenda askari wa jeshi, vijana wa JKT, polisi, magereza, na maelfu ya mgambo walioacha majembe shambani. Februari 1979 waliiteka Masaka na Mbarara, Machi wakapigana Lukaya, na tarehe 11 Aprili Kampala ilikuwa mikononi mwao. Mwanzoni mwa Juni walifika mpaka wa Sudan. Serikali ilitangaza kwamba askari wetu 373 walikufa, na makaburi ya mashujaa yako Kaboya, wilaya ya Muleba.

Vita vilikwisha, lakini wengi hawakurudi mara moja. Walibaki Uganda kulinda amani, na wako waliorudi mwaka 1981. Tulikumbuke jambo hili. Mtu alitoka kwake akidhani atakaa miezi michache, akakaa miaka miwili na zaidi. Aliyetoka huku kwetu Masasi alikuwa ametoka pembe moja ya nchi akaenda pembe ya mbali kabisa. Barua zilikwenda polepole, na habari nyingine ilikuwa ile tu iliyosemwa na redio.

II. HABARI YA NYUMBA MOJA

Sasa tueleze habari ya nyumba moja katika mtaa wetu. Wenyewe, mzee na mama, wametupa ruhusa, ila majina yao tumeyaacha.

Baba huyu alikuwa mkulima wa korosho. Walifunga ndoa kanisani mwaka 1976. Mwishoni mwa 1978 aliitwa katika mgambo, kisha akaingizwa jeshini. Alimwacha mkewe na mtoto mmoja mgongoni na mimba ya miezi minne. Katika muda wote aliokuwa mbali mama alipata barua nne, na moja ilikaa njiani miezi mitatu. Siku moja uvumi ulifika kijijini kwamba mumewe amekufa Lukaya. Watu wakaanza kuja kumpa pole. Mama alikataa kukaa matanga. Alisema, "Mpaka nione barua ya jeshi." Akachukua jembe akaenda shambani.

Alipalilia mikorosho peke yake, akaokota korosho, akauza. Aliezeka nyumba upya. Alinunua mbuzi, akauza wawili mtoto alipougua. Umoja wa Akina Mama walimchagua awe mweka hazina, maana walimwona ni mtu wa hesabu safi.

Mumewe alirudi Septemba 1981. Jumapili ile alisimamishwa mbele ya kanisa, nasi tukaimba na kumpigia makofi. Baada ya Jumapili ile hakuna hata mmoja wetu aliyekwenda kumwuliza analalaje.

Ukweli ni kwamba alikuwa halali. Usiku wa kwanza alilala chini karibu na mlango, viatu miguuni. Usiku wa pili alitoka nje akakaa barazani mpaka jogoo akawika. Mama alidhani amepata mke mwingine Uganda. Mtoto mdogo, ambaye hakupata kumwona babaye, alilia kila alipomkaribia, akamkimbilia baba yake mdogo aliyekuwa akiwasaidia miaka ile. Mkubwa, mwenye miaka minne, alimwuliza mamaye mbele ya wote, "Mama, huyu mgeni ataondoka lini?"

Mchana kulikuwa na magomvi. Baba aliuliza, "Nani alikupa ruhusa kuuza mbuzi?" Mama akajibu, "Nani alikuwepo nimwombe?" Fedha alizokuja nazo baba zikaanza kwenda kilabuni.

Mwezi wa Januari 1982, usiku wa mvua ya radi, mama alisikia mumewe anagumia usingizini. Akamshika bega ili amwamshe. Baba akainuka akamkaba shingo. Alipozinduka, koroboi ilikuwa imeanguka, watoto wanalia, na mama hawezi kusema. Kulipokucha baba alitoka bila neno, akaenda kukaa katika kibanda cha shamba juma zima. Kijijini wengine walisema ni mizimu ya aliowaua, wengine wakasema ni bangi.

Mama alikuja kwa wazee wa kanisa. Alisema hivi: "Niliolewa na mtu mmoja, amerudi mwingine. Je, nirudi kwa mjomba?" Tukamjibu, "Vumilia, mama. Mshukuru Mungu wako amerudi, wenzio ni wajane." Alikuwa amejifunga kitambaa shingoni, nasi hatukumwuliza shingo ina nini. Tunaandika hili kwa aibu. Mwezi wa Machi mjomba wake alikuja akamchukua pamoja na watoto.

Kitanda usichokilalia hujui kunguni wake. Ndiyo sababu kabla ya kuwahukumu watu hawa, tulisikilize kwanza Neno la Mungu.

III. NENO LA MUNGU LATUFUNDISHA NINI

(a) Ndoa yahitaji muda. Katika Kumbukumbu 24:5 sheria yaagiza kwamba mtu aliyeoa karibuni asitoke na jeshi wala asitwikwe kazi nyingine. Apewe mwaka mzima nyumbani ili amfurahishe mkewe. Sura ya 20 nayo yawarudisha waliojenga nyumba na bado hawajaizindua, waliopanda mizabibu na bado hawajala, na waliochumbia na bado hawajaoa. Mungu aliona kwamba vita vyaweza kula mambo haya, naye akayawekea ulinzi. Basi kama arusi mpya yahitaji mwaka watu wazoeane, ndoa iliyokatwa na vita haiwezi kushonwa kwa siku moja. Sisi tulimpa ndugu yetu Jumapili moja na makofi.

(b) Anayetoka vitani hupitia mahali pa kutakaswa. Hesabu sura ya 31 ni sura ngumu, na vita inavyovisimulia vyatisha. Hatuisomi ili tuviige. Lakini tazameni aya ya 19 na zile zinazofuata. Kila aliyeua mtu, na kila aliyegusa maiti, aliamriwa akae nje ya kambi siku saba. Alijitakasa siku ya tatu na siku ya saba, akafua nguo zake, ndipo akaingia kwa watu wake. Hawa walikuwa wameshinda, tena walikuwa wametumwa. Hata hivyo hawakuruhusiwa kutoka damuni wakaingia moja kwa moja nyumbani.

Wazee wetu wa makabila mengi walijua jambo hili. Walikuwa na desturi zao za kumwosha shujaa kabla hajala na mkewe. Sisi Wakristo tuliziacha desturi hizo, na pengine ilitupasa kuziacha, lakini mahali pake tulipaacha patupu. Na tunavyo vya kupajaza: tuna kitubio, tuna Misa, tuna kuwekewa mikono wagonjwa, tuna sala za kuwaombea wafu. Vyote hivi vilikuwapo hapa kanisani mwaka 1981, wala hatukumpa hata kimoja.

Tena tuseme wazi. Vita vile tuliviona ni vya haki, na hatuna haja ya kuona haya. Lakini haki ya vita haimzuii mtu kuumia moyo. Mji wa Masaka na mji wa Mbarara iliharibiwa vibaya mno. Askari aliyepita katika magofu yale aliwaona akina mama wenye watoto mgongoni kama mkewe. Huwezi kumwambia mtu huyo, "Ulikuwa upande wa haki, sahau."

(c) Moyo wa askari hubaki na wenzake. Uria Mhiti aliitwa kutoka vitani, akaambiwa aende nyumbani kwake. Hakwenda. Alilala mlangoni pa nyumba ya mfalme pamoja na watumishi. Alipoulizwa sababu, alisema kwamba wenzake wanalala mahemani, naye hawezi kwenda kula na kunywa na kulala na mkewe. Twajua jinsi Daudi alivyokuwa amemkosea mtu huyu, na jinsi alivyomkosea zaidi baadaye. Lakini tumtazame Uria mwenyewe. Hakuwa amemdharau mkewe. Alikuwa karibu na nyumba yake kwa miguu, na kwa moyo alikuwa bado vitani. Akina mama, mume anapolala barazani, msifanye haraka kudhani ni mwanamke mwingine. Nanyi akina baba, mkumbuke kwamba mke hawezi kujua moyo uko wapi asipoambiwa.

(d) Aliyebaki nyumbani naye amepigana. Daudi na watu wake 600 walirudi Siklagi wakakuta mji umeteketezwa, wake na watoto wametekwa. Walilia mpaka nguvu zikawaishia, hata watu wakataka kumpiga Daudi kwa mawe. Hapa twaona kwamba maumivu yakizidi hutafuta mtu wa kupigwa, na mara nyingi hupigwa aliye karibu. Kisha watu 200 walichoka, wakabaki kijito cha Besori kulinda vyombo. Waliokwenda waliporudi na mali, wengine hawakutaka kuwagawia. Daudi akakata shauri kwamba aliyeshuka vitani na aliyekaa na vyombo, fungu lao ni sawasawa.

Ndugu zangu akina baba, mkeo ndiye aliyekaa na vyombo. Alilinda nyumba, watoto, shamba na jina lako. Ukirudi ukamwuliza tu "nani alikupa ruhusa", umelivunja shauri la Daudi.

(e) Bwana Yesu humrudisha mtu kwake. Katika Marko 5 tunasoma habari za mtu aliyekaa makaburini, akipiga kelele usiku na mchana na kujikata kwa mawe. Alipoulizwa jina alisema ni Legioni, na neno hilo ni jina la kikosi kikubwa cha jeshi la Kirumi. Hatusemi kamwe kwamba askari wetu wana pepo. Wasemao hivyo huwaongezea mzigo. Tunataka muone mwisho wa habari. Mtu yule alipopona aliomba afuatane na Yesu. Bwana alimkatalia, akamtuma aende nyumbani kwa watu wake awaeleze rehema aliyotendewa. Kurudi nyumbani ilikuwa kazi aliyopewa na Bwana, na labda ilikuwa ngumu kuliko kupanda chomboni. Watu wa kwao walikuwa wamezoea kumfunga kwa minyororo.

IV. KWA NINI NI VIGUMU

Vitani mwili hufundishwa mambo fulani. Hufundishwa kulala jicho moja wazi, kupiga kabla ya kufikiri, kutomwamini mtu usiyemjua, na kufunga moyo ili mwenzako akianguka uweze kuendelea. Mambo haya yalimponya askari Lukaya. Nyumbani mambo hayo hayo humdhuru mkewe. Mwili hauambiwi, "Vita vimekwisha," ukasikia siku ile ile. Radi ikipiga, mwili hudhani ni ile mizinga ya maroketi ambayo Waganda waliiita Saba Saba.

Katika vita vikuu vya kwanza vya dunia madaktari wa Uingereza waliwaona askari wao wakitetemeka na kupoteza usingizi, na wengi waliitwa waoga. Mwaka 1980 madaktari wa maradhi ya akili wa Marekani waliyaandika maradhi haya kwa jina lake katika kitabu chao cha uganga. Leo yajulikana duniani pote kuwa ni ugonjwa unaotokana na kiwewe. Huwapata pia walionusurika ajali, mafuriko, au ukatili wa nyumbani.

Dalili zake ni hizi: ndoto za kutisha, kushtuka kwa sauti ndogo, kukwepa watu na mikutano, hasira ya ghafula, kunywa ili kusahau, na kuona moyo umekufa ganzi, hata mtu hawezi kufurahi na watoto wake. Zikizidi mwezi mmoja, aende hospitali ya wilaya aeleze. Yako matibabu, na mengi ni ya kuzungumza na mtu aliyefundishwa. Kwenda Mirembe kule Dodoma si aibu, kama kwenda kutibiwa mguu si aibu. Mficha maradhi, kilio humfichua.

V. YATUPASA KUFANYA NINI

Kwa askari. Huna haja ya kumweleza mkeo yote uliyoyaona. Lakini umwambie hili: "Silali kwa sababu ya vita, si kwa sababu yako." Maneno haya machache yangaliokoa nyumba nyingi. Fika nyumbani kama mtu anayejifunza kijiji kipya. Uliza kwanza kabla ya kuamuru. Pombe uiache, maana huahidi usingizi kisha huuondoa. Na kumpiga mkeo ni dhambi. Ugonjwa waeleza jinsi mkono ulivyoinuka, lakini hauuhesabii haki. Ukiona mkono unakuwa mwepesi, lala chumba kingine kwa mapatano, na utafute msaada upesi.

Kama ulikuwa na mwanamke mwingine huko, ungama. Kama uliacha mtoto, mtoto yule hana kosa, naye ana haki ya kujua babaye na kulishwa naye. Kisha nendeni wote wawili mkapime damu kabla ya kurudiana. Wagonjwa wa kwanza wa UKIMWI katika nchi yetu walitangazwa mwaka 1983 huko huko Kagera, nasi tumezika wengi tangu hapo kwa sababu watu waliona haya kusema.

Kwa mke. Usimwamshe kwa kumgusa. Simama mbali kidogo, upande wa miguu, umwite kwa jina. Acha taa iwake. Kazi ulizozishika usimtupie zote siku moja, wala usizifungie zote. Mpe moja moja, mkakubaliane. Usimlinganishe na wanaume waliobaki. Mtume Paulo asema mke na mume wasinyimane ila kwa mapatano na kwa muda (1 Wakorintho 7:5). Hapo neno mapatano ni zito: hakuna anayelazimishwa, na hakuna anayeachwa bila kuambiwa sababu.

Lakini kama maisha yako au ya watoto yako hatarini, ondoka uende mahali pa usalama. Kuondoka hivyo si kuvunja kiapo cha ndoa. Sisi tulimwambia mama yule avumilie, na tulikosa. Mjomba wake alitenda vema kuliko wazee wa kanisa.

Kwa jamaa. Ndugu wa mume, msijaze masikio yake siku anayofika. Baba mdogo aliyelea watoto ashukuriwe waziwazi, asikisiwe mabaya. Naye ajue kurudi nyuma taratibu ili watoto wamzoee baba yao.

Kwa kanisa. Askari yeyote anaporudi, wazee wawili waende kwake juma la kwanza, mwezi wa kwanza, mwezi wa tatu, na mwaka utakapotimia. Akina mama wa Umoja waende kwa mkewe, na waende peke yao. Wasianze na ushauri. Waulize, "Mnalalaje?" kisha wanyamaze wasikilize. Padre amweleze askari habari ya kitubio, kwamba yatakayosemwa pale hayatatoka nje.

VI. ILIKUWAJE NYUMBA ILE

Tarehe 2 Novemba 1982, Siku ya Wafu, baba yule alikuja sakristia kabla ya Misa. Alikuwa hajakanyaga kanisani tangu mkewe aondoke. Alimpa Padre karatasi ya daftari yenye majina saba ya wenzake. Chini yake alikuwa ameandika: "Na wengine wa Uganda, majina siyajui." Padre alimwuliza, "Hawa wa mwisho ni nani?" Hakujibu, alikaa chini penye benchi. Padre hakumhimiza. Aliisoma karatasi yote madhabahuni kama ilivyoandikwa, pamoja na mstari ule wa mwisho.

Baada ya hapo alikwenda kwenye kitubio, si mara moja. Aliyoyasema ni yake na Mungu. Baada ya Krismasi alikwenda kwa miguu hadi kwa mjomba wa mkewe, akifuatana na mzee mmoja wa kanisa. Hakudai mke. Alisema, "Nimekuja kuomba radhi kwa ajili ya shingo." Mjomba alimpa masharti mbele ya wazee: aache pombe, na akae mpaka mavuno, waone. Alikaa. Mama alirudi baada ya mavuno ya mwaka 1983.

Hatusemi kwamba tangu siku ile yote yalikuwa mema. Hesabu za korosho zilibaki mkononi mwa mama, na baba alichukua miaka kadhaa kulikubali jambo hilo bila kununa. Mpaka leo radi ikipiga mzee huamka akaenda kukaa barazani. Mama husubiri kidogo, kisha humwita kutoka mlangoni kwa jina lake la utotoni, ndipo hutoka akakaa naye. Pengine wanaongea, pengine mama anamenya karanga tu hadi mvua ikatike. Na yule mtoto aliyeuliza mgeni ataondoka lini ndiye amletaye babaye kanisani kwa pikipiki kila Jumapili.

MASWALI YA KUJADILIANA KATIKA VIKUNDI

1. Je, katika mtaa wetu yuko mtu aliyerudi kutoka vitani au ulinzi wa amani? Nani amemtembelea mwaka huu?
2. Kwa nini sheria ya Musa ilitoa mwaka mzima kwa mtu aliyeoa? Sisi twaweza kuwapa nini wanaorudi?
3. Shauri la Daudi huko Besori lahusu namna gani mali na maamuzi ya nyumbani?
4. Ni wakati gani neno "vumilia" ni la Kikristo, na ni wakati gani ni neno la kumfukuza mtu?
5. Tuandike majina ya wafu wa vita tuwajuao. Je, twaweza kuwaombea na wale wa upande wa pili?

SALA

Ee Mungu Baba, uliyemwona Uria mlangoni pa mfalme na kumsikia Daudi alipolia Siklagi, uwatazame watumishi wako waliorudi kutoka vitani. Uwape usingizi. Uilinde mikono yao isiwadhuru wawapendao. Uwakumbuke wake zao waliokaa na vyombo, uwape fungu lao la heshima. Uwapokee waliokufa, wale tuwajuao kwa majina na wale ambao majina yao unayajua wewe peke yako. Nasi utusamehe kwa kuwa tulipiga makofi tukaenda zetu. Utufundishe kurudi kubisha hodi. Kwa Yesu Kristo Bwana wetu. Amina.